Kakese: ekari moja ya mpunga, ng'ombe mmoja wa kiangazi

Sensa ya 2012 iliukuta mkoa wa Katavi, uliokuwa umemegwa Rukwa mwaka huohuo, ukiwa na watu 564,604. Sensa ya 2022 ikakuta 1,152,958. Hakuna mkoa mwingine wa Tanzania uliokua kwa kasi hiyo: asilimia 7.1 kwa mwaka, wakati nchi nzima ilikwenda kwa asilimia 3.2. Ongezeko la miaka kumi ni watu 588,354. Ukiwagawa kwa siku, ni watu wapya 161 kila kunapokucha. Wengine wamezaliwa palepale, wengine wameteremka na mabasi ya barabara ya Tabora, na wengine wamefika kwa miguu nyuma ya mifugo yao, wakitokea Usukumani kupitia Tabora.

Tuseme kila aliyeongezeka anahitaji ekari moja tu ya kumlisha. Ni kiwango cha chini sana, lakini kinatosha kuonyesha ukubwa wa jambo. Ekari 588,354 ni hekta kama 238,000, yaani kilometa za mraba 2,380. Hifadhi ya Taifa ya Katavi, tangu ilipopanuliwa 1998, ina kilometa za mraba 4,471. Katika miaka kumi, basi, mkoa umelazimika kupata mashamba yenye ukubwa unaozidi nusu ya hifadhi yake.

Mtu wa Dodoma au Dar es Salaam akitazama ramani atasema ardhi bado ipo tele. Mkoa una kilometa za mraba zipatazo 45,800, na hata baada ya ongezeko hilo wastani ni watu 25 kwa kilometa moja ya mraba, wakati wastani wa taifa unakaribia 70. Hesabu hiyo ni sahihi na inapotosha. Sehemu kubwa ya mkoa ni hifadhi, mapori na misitu ya miombo yenye udongo hafifu. Hakuna anayesafiri wiki mbili na ng'ombe wake ili apate kilima cha mawe. Wanachokitafuta wote, mwenye jembe na mwenye fimbo, ni mbuga: ardhi tambarare ya udongo mweusi inayoshika maji. Bonde la mto Katuma lina mbuga za namna hiyo, na Kakese, kata ya pembezoni ya Manispaa ya Mpanda, inajulikana kwa mpunga kwa sababu hiyo hiyo. Bei ya ardhi ya Kakese inaamuliwa na maji, na maji hayakuongezeka kwa asilimia 7.1.

Kabla ya kuzungumza bei, tuzungumze kipimo, maana hapo ndipo fedha ya kwanza hupotea. Vijijini ekari hupimwa kwa hatua 70 kwa 70. Asili yake ni yadi: 70 mara 70 ni yadi za mraba 4,900, na ekari halisi ni 4,840, kwa hiyo anayepiga hatua ya yadi moja, karibu sentimita 91, hakosei sana. Lakini hatua ya kawaida ya mtu anayetembea shambani ni kama sentimita 75. Hatua 70 za namna hiyo ni mita 52.5, na eneo lake ni mita za mraba 2,756. Ekari ina mita za mraba 4,047. Mnunuzi amepata asilimia 68 ya alicholipia, na kwa kila "ekari" kumi ameondoka na 6.8. Akipima mwenyewe kwa kurefusha hatua hadi mita moja, mambo yanageuka: anapata ekari 12.1 kwa bei ya kumi, na hasara inahamia kwa muuzaji, ambaye mara nyingi ni mzee mwenyeji au mjane mwenye shida ya haraka. Kamba yenye urefu wa mita 63.6 inamaliza ubishi, kwa kuwa ekari ya mraba ina upande wa urefu huo. Kamba hiyo ni rahisi kuliko soda mbili, na ingefaa kila ofisi ya mtendaji iwe nayo.

Sasa mpunga. Nitahesabu kwa gunia la kilo 100, kwa sababu bei ya shilingi hupanda na kushuka kila msimu, na kwa sababu wakulima wenyewe huhesabu hivyo. Jaruba linalotegemea mvua, mwaka ukiwa wa wastani, tulipe tani 2.5 kwa hekta. Hiyo ni gunia kumi kwa ekari. Mkulima mwenye maji ya uhakika, mbegu ya SARO 5 iliyotolewa na watafiti wetu 2002, mbolea na palizi ya wakati, anaweza kufika tani nne hadi sita kwa hekta, yaani gunia 16 mpaka 24. Kilo 1,000 za mpunga zikikobolewa hutoa mchele karibu kilo 650.

Gharama zinakula sehemu kubwa: kulima kwa maksai, trekta au pawatila, kuburuga, mbegu, vibarua wa kupandikiza, palizi, walinzi wa ndege, kuvuna, kupiga, kusafirisha. Nikichukua kwamba nusu ya mavuno inalipa kazi hizo, mwenye ekari ya gunia kumi anabaki na tano. Kama shamba ni la kukodi na kodi ni gunia mbili, anabaki na tatu. Hapo sijagusa lumbesa. Kisheria gunia lisizidi kilo 100, lakini linaloshonwa na kichwa likafika kilo 120 linamnyima mkulima kilo 20 kila safari, na kwa gunia kumi amepoteza kilo 200, sawa na kodi yake nzima ya shamba.

Bado ukilinganisha na malisho, mpunga unashinda vibaya sana. Ng'ombe wa kilo 250 hula majani makavu kama asilimia 2.5 ya uzito wake kwa siku, kilo 6.25. Kwa mwaka ni kilo 2,280. Hekta moja ya malisho ya miombo tuipe kilo 1,500 za majani makavu kwa mwaka. Ukitaka yaote tena mwakani, ng'ombe ale nusu tu, kilo 750. Kwa hiyo ng'ombe mmoja anahitaji hekta tatu, au ekari saba na nusu. Ng'ombe mia wanahitaji ekari 750. Mfugaji akiuza kumi kila mwaka katika hao mia, ardhi yake imetoa ng'ombe mmoja wa kuuza kwa kila ekari 75. Ekari 75 za mpunga zingetoa gunia 750. Hata ukiongeza maziwa, samadi na kazi ya maksai, hakuna namna ya kuzifanya hesabu hizo mbili zilingane.

Hii ndiyo hesabu inayobebwa na kila dalali, na ndiyo inayowashawishi wenyeviti. Ina kosa moja, na kosa hilo linagharimu sana. Katika zile ekari 750 za ng'ombe mia, nyingi ni miteremko na vichaka ambako mpunga hauoti. Tuseme mbuga ni ekari 50 tu. Hizo 50 ndizo zinazobaki na ubichi kuanzia Agosti hadi mvua zinaporudi Novemba, na ndizo zilizo karibu na maji. Zikishafanywa majaruba, ekari 700 zilizobaki hazina kazi kwa miezi minne, maana ng'ombe hawezi kungoja kilimani bila maji. Kijiji kimeandika kwamba kimebadilisha ekari 50. Mfugaji amepoteza matumizi ya 750.

Ng'ombe hao hawafi siku hiyo. Wanahama usiku. Wengine wanaingia hifadhini, ambako wakikamatwa hulipiwa faini kwa kila kichwa, na wengine wanaingia kwenye majaruba ya jirani, ambako malipo yake ni ugomvi, mashauri na wakati mwingine damu. Tangu marekebisho ya sheria ya 2021, baraza la kata haliamui tena shauri la ardhi. Linasuluhisha, na lisipofaulu ndani ya siku 30 mlalamikaji anakwenda Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Kwa anayeishi pembezoni, kila tarehe ya shauri ni nauli, chakula na siku ya kazi iliyopotea, na tarehe haziwi moja.

Wanaosema "wakulima dhidi ya wafugaji" wanakosea kuhusu Kakese. Kaya za Kisukuma zilizoanza kushuka kusini miaka ya 1970 na kuendelea zilikuja na vyote viwili, jembe la kukokotwa na zizi. Ng'ombe ndiye analima jaruba. Jaruba ndilo linanunua ng'ombe mwaka wa neema. Ng'ombe ndiye anauzwa mwaka mvua ikikataa, mtoto akiugua au ada ikifika. Mbende, Mkonongo au Mfipa aliyekuwa na jembe la mkono naye ameanza kufuga maksai. Mgogoro haupo kati ya kabila na kabila. Upo kati ya kaya yenye ekari zilizoandikwa na kaya ileile inapohitaji malisho yasiyoandikwa mahali popote.

Maji nayo yana hesabu yake. Mpunga unahitaji maji yasiyopungua milimita 1,000 tangu kuandaa jaruba hadi kukomaa. Kwa ekari moja hiyo ni zaidi kidogo ya lita milioni nne. Ng'ombe anayekunywa lita 40 kwa siku hutumia lita 14,600 kwa mwaka, kwa hiyo maji ya ekari moja ya mpunga ni maji ya ng'ombe 277 mwaka mzima. Ni kweli sehemu kubwa ya maji ya mpunga hutoka mawinguni moja kwa moja, na mvua ya Mpanda hufikia au kukaribia kiasi hicho. Lakini ile nyongeza inayochotwa mtoni kwa mifereji na matuta huchotwa hasa pale mto unapopungua. Katuma unaendelea kusini kuingia hifadhini, unalisha maziwa ya Katavi na Chada, kisha maji yake hushuka kuelekea Rukwa. Kwa miaka mingi sasa viboko wa Katavi hurundikana kwenye tope wakati wa kiangazi, na watafiti waliofuatilia mto wameonyesha kwamba uchotaji wa juu, kwa ajili ya mpunga hasa, ni sehemu ya sababu. Sheria ya Mazingira ya 2004 inakataza shughuli za kudumu ndani ya mita 60 kutoka ukingoni. Pande mbili za mto ni mita 120. Kwa kila kilometa moja ya mto ni hekta 12, karibu ekari 30, na ndizo ekari tamu kuliko zote. Kwa gunia kumi kila moja, mtu anayezitii mita 60 anaacha gunia 300 kwa kilometa, akimwangalia jirani yake asiyezitii.

Turudi kwenye uuzaji, kwa sababu hapa ndipo umaskini wa watoto unapotengenezwa. Kuna swali moja ambalo kila anayetaka kuuza ekari angepaswa kujiuliza: bei ninayopewa ni kodi ya misimu mingapi? Kama ekari hukodishwa kwa gunia mbili na mnunuzi anatoa thamani ya gunia 12, ameinunua kwa kodi ya misimu sita. Msimu wa saba na yote inayofuata ni yake bure. Anayeuza ekari tano kulipia matibabu angeweza mara nyingi kukodisha hizo tano kwa mkataba wa misimu mitatu, malipo mbele, akapata nusu ya fedha hiyohiyo na ardhi ikarudi. Najua shida haingoji. Ila nusu ya fedha na shamba lote ni bora kuliko fedha yote bila shamba.

Mji unaongeza swali la pili. Kakese ipo ndani ya mipaka ya manispaa, na manispaa hukua. Eneo likishatangazwa kuwa la mipangomiji chini ya sheria ya 2007, ardhi inapimwa kwa viwanja. Ekari moja, ukiondoa asilimia 30 kwa barabara na maeneo ya wazi, inatoa viwanja saba vya mita 20 kwa 20. Aliyeuza kwa bei ya shamba la mpunga anamwona mnunuzi wake akiuza mara saba. Reli ya Kaliua hadi Mpanda ilijengwa mwishoni mwa miaka ya 1940 kwa ajili ya madini ya risasi, na mgodi ulipofungwa mji ukapoa. Lami ya Tabora hadi Mpanda imekuja kubeba watu na mazao, na haitapoa kwa namna ile. Wenyeji wanapaswa kuuza, kama ni lazima wauze, wakijua hivyo.

Atakayedhani kwamba ni wanakijiji pekee wanaoiuza ardhi kwa bei ya kutupa, aangalie kilichokaribia kutokea mkoani humohumo. Mwaka 2010 halmashauri ya Mpanda ya wakati huo iliandikiana makubaliano ya awali na kampuni ya AgriSol Energy ya Marekani kuhusu makazi ya wakimbizi ya Katumba, hekta 80,317, na Mishamo, hekta 219,800. Watu walikuwa humo, Warundi waliofika tangu 1972 na watoto wao waliozaliwa hapa. Viwango vilivyoandikwa, kama vilivyochapishwa mwaka uliofuata na taasisi ya Oakland, vilikuwa kodi ya shilingi 200 na ada ya shilingi 500 kwa hekta kwa mwaka, kwa miaka 99. Jumlisha: shilingi 700 kwa hekta, au 283 kwa ekari, fedha ambayo wakati ule haikununua kilo moja ya mchele. Hekta zote 300,117 zingeingiza shilingi milioni 210 kwa mwaka. Mpango haukuendelea, na kuanzia 2014 zaidi ya watu 162,000 wa makazi ya Katumba, Mishamo na Ulyankulu walipewa uraia wa Tanzania na kubaki. Naitaja habari hii kwa sababu moja: ofisi yenye mwanasheria na mpima ilikubali kuandika shilingi 283. Tusimlaumu sana mjane aliyepimiwa kwa hatua fupi.

Tuna sheria nzuri kuliko tunavyoitumia. Sheria ya Ardhi ya Vijiji Na. 5 ya 1999 inasema haki ya kimila ina hadhi sawa na hati ya serikali. Inasema mwanamke ana haki sawa ya kupata na kumiliki ardhi, na mila inayomnyima ni batili. Inaruhusu kijiji kutenga ardhi ya pamoja, iandikwe kwenye daftari, na inaruhusu makubaliano kati ya wafugaji na wakulima ya kutumia eneo moja. Mwaka 2011 Wahadzabe wa Mbulu walipata hati ya kimila ya jamii kwa zaidi ya hekta 20,000. Kiteto, vijiji vya Orkitikiti, Lerug na Ngapapa viliunganisha malisho yao kuwa OLENGAPA na kuyapimia mpaka mmoja. Hapo hapo Katavi, vijiji vinane vya wilaya ya Tanganyika vyenye misitu iliyopimwa ya milima ya Ntakata vinalipwa mabilioni ya shilingi kwa hewa ya ukaa, na visingelipwa hata senti kama mipaka isingekuwa kwenye karatasi. Upande wa pili ni Kajiado, Kenya, ambako ranchi za vikundi zilizoanzishwa kwa sheria ya 1968 ziligawanywa kwa mtu mmoja mmoja, na kwingi vipande hivyo viliuzwa na uzio ukafuata. Kwa hiyo nasema waziwazi: mradi wowote wa kugawa hati Kakese na vijiji vinavyoizunguka uanze na malisho na mapito ya mifugo, hati za mtu mmoja mmoja zifuate. Ukianza na mtu mmoja mmoja, ardhi ya wote itakuwa imeisha siku mpima atakapoifikia.

Mpunga utaendelea kushinda sokoni, na sitaki kumdanganya mtu kwamba malisho yanaweza kuilipia mbuga nzima. Chukua eneo lenye ng'ombe 1,000 na ekari 500 za majaruba. Ng'ombe wangehitaji kulipa gunia 5,000 kwa mwaka kuzichukua hizo ekari, haiwezekani. Lakini majaruba hayana mpunga kuanzia Julai. Ekari ya gunia kumi huacha mabua yenye uzito unaokaribiana na mavuno, tuseme kilo 1,000, na nusu yake huliwa. Ng'ombe anahitaji kilo 750 kwa siku 120 za kiangazi kikali. Ekari moja na nusu ya mabua yasiyochomwa moto inamvusha ng'ombe mmoja hadi mvua, kwa hiyo ekari 500 zinavusha 333. Waliobaki 667 wanahitaji ngitili: eneo la mlimani linalofungwa wakati wa mvua na kufunguliwa kiangazi. Kwa kilo 750 kwa hekta, ni hekta 667. Wasukuma wanaijua ngitili tangu enzi za babu zao. Mradi wa HASHI, ulioanza Shinyanga 1986, ulirudisha zaidi ya hekta 300,000 za aina hiyo. Kilichowazuia kuijenga upya huku kusini ni kutokuwa na uhakika kwamba walichokifunga leo hakitauzwa kesho.

Kinachokosekana ni njia ya kwenda majini. Pito la upana wa mita 50 na urefu wa kilometa nne linachukua hekta 20, au ekari 49. Kama zote ni majaruba, ni gunia 490 zinazoachwa kila mwaka. Zigawe kwa ng'ombe 1,000: ni nusu gunia kwa kila ng'ombe. Ukitoa gharama za kilimo, ambazo mwenye jaruba hatazitumia tena, hasara yake halisi ni nusu ya hapo, kilo 25 za mpunga kwa ng'ombe kwa mwaka. Mfugaji wa Kakese anaweza kuilipa. Wenye majaruba ya pembezoni mwa pito wanaweza kuipokea, kwa risiti, kila baada ya mavuno, na mkutano mkuu wa kijiji una mamlaka ya kuipitisha, kuweka vigingi na kuandika jina la kila anayelipwa kwenye daftari la ardhi ya pamoja. Vigingi viwekwe Agosti au Septemba, kabla mvua za Novemba hazijarudi na matuta mapya kuchimbwa.